Namwona Kila Siku

Jumanne moja ya kiangazi, Mzee Nyamu aliamka akakuta vijiti vya miraa kando ya kitanda chake. Vilikuwa saba, vimemenywa vizuri na kulazwa sakafuni kwa safu, kama kazi ya mtu aliyekuwa akitafuna bila haraka. Karibu navyo kilisimama kigoda cha jikoni. Nyamu alikuwa na hakika kwamba jioni alikiacha jikoni, kwa sababu ndicho alichokalia akichambua ndengu.

Aliviokota, akavinusa. Vilikuwa bado vibichi. Tena chumbani mlikuwa na harufu nyingine iliyomfanya asimame mkono kiunoni: harufu ya majani ya mgomba yaliyolowa maji, yale ambayo watu wa Meru hufungia miraa isinyauke. Kijijini kwake Kiambere hapakuwa na mgomba uliosimama mwaka huo. Mvua ilikuwa imekosa misimu miwili na mbuzi walikuwa wakila makaratasi sokoni. Nyamu mwenyewe hakuwahi kutafuna miraa maishani mwake, na mtu aliyekuwa akilala katika nyumba ile pamoja naye, mkewe Wambeti, alikuwa kaburini mwaka wa pili.

"Panya," alijisemea. Mtu anayeishi peke yake ana raha hiyo moja, kwamba anaweza kujidanganya na asiulizwe swali. Alifagia, akarudisha kigoda jikoni, akapika uji.

Kesho yake vijiti vilikuwa tisa. Komeo la mlango lilikuwa limefungwa kwa ndani, vilevile alivyolifunga yeye.

Kabla hatujamwonea huruma, tumjue kwanza alikuwa mtu wa namna gani. Nyamu alifanya kazi ya serikali miaka thelathini na mmoja, na kazi yenyewe ilikuwa kusoma kipimo cha mto. Kila asubuhi na kila jioni alitakiwa kuteremka hadi mtoni, atazame ubao wenye namba uliosimikwa majini, aone maji yamefika wapi, aandike kwenye daftari. Ni kazi rahisi kuieleza. Lakini mto ulikuwa chini ya mteremko wa mawe na nyoka, na Nyamu alipenda godoro lake. Basi alijifunza kupika namba. Alitazama mawingu, akakumbuka namba ya jana, akawauliza wanawake waliotoka kuteka maji kama yamewafika magotini au mapajani, akaandika. Mwandiko wake ulikuwa mzuri ajabu. Wakubwa ofisini walilipenda daftari lake, na alipostaafu walimshika mkono na kumpa pensheni yake bila tatizo.

Pensheni hiyo ilikuwa na sharti moja. Kila mwaka mstaafu hujaza fomu ya kuthibitisha kwamba bado yuko hai, na ni lazima shahidi anayemfahamu aandike jina lake, kazi yake, na mara ngapi amemwona mstaafu huyo kwa macho yake, kisha atie saini. Wambeti alipokuwa hai ndiye aliyeizungusha fomu, maana yeye alikuwa na watu. Nyamu alikuwa na Wambeti tu. Alipofariki, mzee aligundua kwamba hakuwa na mtu hata mmoja wa kumwambia, tafadhali niandikie kwamba ninaishi. Angeweza kwenda kukaa kwenye benchi la ofisi ya chifu kama wenzake, lakini naibu wa chifu alikuwa kijana ambaye Nyamu aliwahi kumchapa kwa wizi wa mapapai, na kiburi hakistaafu.

Kwa hiyo alifanya alivyozoea. Aliketi mezani akapika shahidi. Jina akachagua la mbali, asije mtu akalifuatilia: Kiogora. Makao, Maua huko Meru. Kazi, mfanyabiashara wa miraa. Unamwona mstaafu mara ngapi? Akaandika kwa mwandiko wa kujikunja: Namwona kila siku. Saini aliitia kwa mkono wa kushoto.

Fomu ilitumwa na Munene, mwenye duka la kompyuta pale sokoni. Munene aliisoma kwanza.

"Mzee, huyu Kiogora ni nani? Mtu wa Maua anakuonaje wewe kila siku? Hao watu kazi yao ni kukimbiza miraa Nairobi kabla hakujakucha."

"Ni rafiki yangu. Wewe tuma."

"Mimi natuma tu. Sikatai."

Fomu ikakubaliwa. Juma lililofuata vijiti vikaanza.

Alhamisi, saa nane mchana, jua likiwa limewachosha hata nzi, Nyamu alijilaza kupumzika. Alikuwa karibu kusinzia aliposikia sauti ndogo kavu upande wa miguuni: ganda likichunwa, kisha meno yakitafuna polepole, kisha kimya, kisha ganda tena. Hakufumbua macho. Alijiambia kwamba akiyafumbua ataona panya, akaendelea kuyafumba, huku harufu ya mgomba uliolowa ikizidi kumjia, jasho likimtiririka shingoni, na ile sauti ikisogea, kutoka miguuni mpaka ukingo wa kitanda, kutoka ukingo wa kitanda mpaka juu ya uso wake kabisa, mpaka akahisi pumzi ya mtu asiye na haraka, mtu aliyeinama anamtazama jinsi mama anavyomtazama mtoto mwenye homa. Kijiti kikaanguka sakafuni. Kisha mtu akasema kwa sauti ya chini, ya mtu aliyeridhika na kazi yake, "Yuko hai."

Alipofumbua macho, chumba kilikuwa kitupu. Alitoka akakaa nje ukutani mpaka jioni, na lililomuuma zaidi ni kwamba hakuwa na mlango wa kwenda kubisha aseme, nimeogopa, nikaribisheni.

Alikuwa na Carol, binti yake wa pekee, muuguzi huko Nairobi. Carol alipiga simu kila Jumapili baada ya ibada. Jumapili hiyo Nyamu alikuwa ameamua kumwambia aje amchukue. Simu ililia chumbani wakati yeye yuko jikoni, na kabla hajaufikia mlango akasikia ikipokewa.

"Halo, Carol. Mimi ni Kiogora, rafiki ya mzee, wa Maua. Ndiyo. Nimemwona sasa hivi. Yuko hai, hajambo. Aa, usijisumbue kuja, mama. Mimi namwona kila siku."

Nyamu aliingia mbio. Simu ilikuwa juu ya kitanda, kioo chake bado kinawaka, na hapakuwa na mtu. Akampigia Carol.

"Carol, mwanangu, usimsikize huyo mtu. Njoo unichukue. Njoo leo."

"Halo?" Carol alisema. "Halo? Hakuna mtu." Kisha akasikika akimwambia mwenzake, "Ni simu ya baba, inajipiga yenyewe. Si kitu, ako sawa. Amepata jirani mzuri sana anamwangalia, hata nimepumua." Simu ikakatika.

Alipiga tena mara sita. Mara ya sita Carol alikuwa amezima simu.

Jumatano wakaja akina mama wa kanisa, watatu, wakiongozwa na Winfred, wamebeba unga na ndengu. Tangu mazishi ya Wambeti Nyamu alikuwa akiwakwepa wanawake hao, kwa sababu walikuwa wakimwuliza kama anakula. Siku hiyo aliwakimbilia mpaka ndala moja ikamvuka mguuni. Winfred alimwona kwa mbali, akainua mkono kumpungia.

Lakini langoni palikuwa tayari na mtu. Hakutoka barabarani. Alikuwepo tu, ameegemea nguzo, koti la kijani, shavu moja limevimba kwa miraa.

"Bwana asifiwe," Winfred alimsalimu. "Tumekuja kuona Mzee Nyamu. Kanisa limekaa sana bila kumwona."

"Mmefanya vizuri," yule mtu akasema. "Nimetoka kwake saa hii. Yuko hai, hajambo. Amelala kidogo."

Nyamu alifika wakati huohuo akasimama katikati yao. "Winfred, niko hapa. Nitazame, mama."

Aliyaona macho ya Winfred yakilegea. Yalikuwa juu yake, kisha yakapita kifuani mwake kwenda kwenye nyumba, na ule mkono uliokuwa ukimpungia ukashuka kurekebisha kitambaa cha kichwa.

"Basi tusimsumbue," Winfred akawaambia wenzake. "Ako na mtu. Kuna wengine hawana hata huyo."

Wakamkabidhi yule mtu unga na ndengu, wakaondoka. Nyamu aliwafuata hadi kona, akiita kila mmoja kwa jina lake. Alimgusa Winfred begani, naye akajipangusa kama mtu aliyetuliwa na nzi, akaendelea na hadithi yake ya bei ya mbegu.

Aliporudi, yule mtu alikuwa ameketi kwenye kizingiti anamenya kijiti. Uso wake ulikuwa na kila kitu ambacho uso unatakiwa kuwa nacho, lakini ukigeuka kidogo hukumbuki hata kimoja. Yalibaki macho tu, kwa sababu hayakupepesa.

"Wewe ni jini?" Nyamu aliuliza kwa kunong'ona.

"Mimi ni Kiogora. Wa Maua. Nafanya biashara ya miraa, ingawa Maua sijawahi kufika. Si wewe uliniandika hivyo?"

"Niliandika jina tu. Jina la uongo."

"Na mimi sikuwa na jina. Nilikuwa kule mtoni, nimekaa miaka na miaka chini ya ule ubao wako. Wanawake wanateka maji hawanijui. Wewe uliyekuwa na kazi ya kuja kila siku hukuja." Alitafuna kidogo. "Ndipo ukanipa jina, ukanipa kazi, ukanipa mtu wa kumwona. Wapweke tulikuwa wawili, mzee."

"Nirudishe kwa watu. Nataka wanione."

"Wa nini? Mtu akishasikia kwangu kwamba uko hai, ana haja gani ya kukutazama?"

Lakini miaka thelathini na mmoja ya serikali humfundisha mtu kutafuta mlango katika kila fomu. "Na nikipata shahidi mwingine?" Nyamu aliuliza. "Wa kweli?"

Kiogora aliacha kutafuna. Ilikuwa mara ya kwanza. "Fomu moja, shahidi mmoja," alisema. "Huyo akitia saini, mimi sina kazi hapa. Lakini mguu wangu ni mwepesi kuliko wako."

Na ulikuwa mwepesi kweli. Nyamu alikwenda sokoni kwa Munene, akamkuta akimwambia mteja kwamba yule mtu wa Maua amepita, mzee hajambo, na ingawa Nyamu alipiga meza kwa ngumi na kumwaga kalamu sakafuni, Munene aliinama tu akaokota kalamu akilaumu upepo. Alikwenda kwa mchungaji, akakuta habari zake njema zimemtangulia. Alitembea saa tatu juani kwenda kwa mganga mmoja aliyesifika kwa kufunga mapepo ndani ya kibuyu, na alipofika, miguu imevimba, koo limekauka, akamsikia mganga akimwambia mkewe ndani, "Kumbe Nyamu wa mtoni bado ako hai, kuna mtu amenisalimia kutoka kwake," na mlango ukafungwa mbele ya pua yake kuzuia vumbi. Alirudi nyumbani na fomu mpya aliyoichukua kwa Munene, tupu, imekunjwa mfukoni. Ile safari ya kurudi alilia njia nzima bila kujificha, maana hapakuwa na wa kumwona.

Alibaki mtu mmoja, na ndiye ambaye Nyamu asingemwendea hata kwa kufukuzwa na simba.

Ndambiri alikuwa msoma kipimo mwenzake, upande wa chini wa mto. Yeye alishuka mtoni kila siku, hata akiwa na malaria, na daftari lake lilikuwa na matope na mistari iliyokatwa. Miaka ishirini na mitatu iliyopita mto ulifurika ghafla usiku. Ndambiri aliandika alichokiona. Nyamu alikuwa amelala, akaandika maji matulivu. Ofisini walipolinganisha madaftari walisema maji hayawezi kupita chini bila kupita juu, kwa hiyo mmoja amedanganya, wakamwita Nyamu wakamwuliza. Nyamu akasema, "Mto haukupanda. Niliuona kwa macho yangu." Ndambiri alifutwa kazi kwa kosa la kuandika uongo, ikiwa imebaki miaka miwili astaafu. Pensheni hakupata. Tangu hapo Nyamu alizunguka kwa njia ndefu asipite kwake.

Sasa alipita. Alisimama nje ya ua wa miba, akamwona mzee mwenzake ameketi chini ya paa la ghala anapukuchua mtama. Hakuita. Alikuwa amechoka kuita.

Ndambiri aliinua kichwa. "Nyamu," alisema kwa sauti kubwa mno. "Unatafuta nini kwangu?"

Nyamu akaketi palepale vumbini.

"Na uongee kwa kuandika," Ndambiri aliendelea. "Mimi masikio yalikufa mwaka wa kumi na mbili huu. Asubuhi kuna mwingine alisimama hapo hapo kwa ua, koti ya kijani, akaongea, akaongea. Nikadhani anauza dawa ya mbuzi. Nikamfukuza."

Ndivyo Nyamu alivyompata mtu mmoja duniani ambaye neno la Kiogora halikumwingia. Aliandika kwa kipande cha mkaa juu ya gunia la karatasi, akaeleza yote, fomu, jina, miraa, akina mama wa kanisa. Ndambiri alisoma, midomo ikicheza.

"Umepika tena," alisema. "Hata mashetani unapika."

Nyamu akaandika: Nitilie saini kwamba umeniona. Akamnyooshea fomu.

Ndambiri hakuipokea. "Kwa ile ofisi, saini yangu ni ya mtu mwongo. Iko kwa faili. Wataitupa. Unajua ni nani alifanya iwe hivyo?"

Kule nje ya ua, Kiogora alikuwa amesimama anatafuna, anawatazama. "Amesema kweli," alimwambia Nyamu. "Neno lake lilitupwa. La kwangu linapokelewa."

Nyamu alijua njia iliyobaki, na aliiogopa kuliko alivyomwogopa jini, kwa sababu ingemwacha uchi mbele ya watu wote na huenda ingeichukua pensheni yake mwenyewe. Pia aliogopa kwamba Ndambiri akishapata haki yake hatakuwa na sababu ya kumfungulia lango. Lakini alikuwa ametazamwa na binadamu kwa mara ya kwanza baada ya majuma mengi, na mtu akishaonja hilo hawezi tena kuketi mbele ya macho hayo na uongo mdomoni. Aliomba karatasi safi na kalamu. Akaandika kwamba usiku ule hakufika mtoni, wala miezi mingi kabla yake, kwamba Ndambiri aliandika kweli, na kwamba yeye Nyamu alishuhudia asichokiona.

Ndambiri aliisoma mara mbili. Aliingia ndani ya nyumba, akakaa huko, na alipotoka macho yake yalikuwa mekundu. "Mke wangu alikufa akijua mimi ni mwizi wa namba," alisema. "Kula. Kuna ndengu kwa sufuria."

Barua ilipelekwa Embu na Ruguru, binti wa Ndambiri. Ofisi za pensheni haziharakishi, na zilichukua miezi minane. Katika miezi hiyo Nyamu alifika kwa Ndambiri kila asubuhi. Walipukuchua mtama, walichunga mbuzi wanne, mmoja akisema na mwenzake akiandika. Ruguru, ambaye aliwahi kusalimiwa na Kiogora sokoni, alimwona baba yake akizungumza na kigoda akamhurumia. Kwa Nyamu ilikuwa miezi mizuri kuliko mingi aliyoishi. Hata vijiti vya kando ya kitanda alivifagia bila kuvihesabu.

Jambo moja tu lilimtia baridi. Ofisi ilipopiga simu kuuliza kama barua ile ni ya Nyamu kweli, Kiogora ndiye aliyepokea. "Nimemwona akiiandika," alisema. "Ni kweli tupu. Mlipeni mzee Ndambiri." Nyamu alijiuliza kwa nini jini anamsaidia, akaona heri asiulize.

Majibu yalipofika, Ndambiri alikuwa amesafishwa jina. Angelipwa pensheni na malimbikizo ya nyuma, na saini yake ikawa saini ya mstaafu kama wengine. Nyamu alitoa fomu mfukoni siku hiyohiyo, imechakaa kwenye mikunjo, akaandika: Sasa nitilie.

"Kesho kutwa," Ndambiri alisema, uso wake unang'aa. "Ruguru ananipeleka Embu kesho. Kuna mashine ndogo ya masikio, na sasa pesa yake iko. Ile barua nimeisoma, Nyamu, lakini sijakusikia ukisema kwa mdomo. Nataka nisikie. Halafu nitatia saini hata kumi."

Nyamu aliandika kwa haraka mpaka karatasi ikachanika. Usivae. Akikwambia neno hutaniona. Tia sasa.

Ndambiri alicheka akampiga begani. "Huyo muuza dawa? Sauti ya kwanza itakuwa yako. Nakuahidi."

Akatimiza ahadi. Waliporudi kutoka Embu, Nyamu alikuwa ameketi uani tangu alfajiri, fomu gotini. Ua wote ulikuwa kimya na hakuona koti la kijani popote. Ndambiri aliketi mbele yake, akatoa kile kifaa ndani ya kasha, akakiingiza sikioni kwa vidole vyake vinene, akakunja uso. Kuku alilia akashtuka. Kisha akamtazama Nyamu machoni. "Sema."

"Ndambiri," Nyamu akasema, na sauti yake ilikuwa imeshika kutu kwa kukosa kazi. "Mto ulipanda. Sikuuona. Nilisema uongo juu yako. Nisamehe."

Chozi likamshuka Ndambiri mpaka kwenye ndevu. "Sauti yako imezeeka vibaya," alisema. "Nimekusamehe. Leta kalamu."

Aliweka fomu juu ya paja. Aliandika makao yake na kazi yake. Kwenye mstari wa jina aliandika herufi nne, polepole, kama mtu anayerudisha kitu kilichoibwa, na Nyamu alikuwa ameishikilia karatasi kwa chini isisogezwe na upepo.

"Hodi," mtu akasema nyuma ya ua.

Miaka kumi na miwili Ndambiri hakuwa amesikia hodi. Furaha ilimjaa uso mzima, akainua kichwa, na kabla Nyamu hajamziba masikio kwa mikono miwili akawa ameshaitikia. "Karibu, karibu, ingia."

"Siingii, mzee," Kiogora alisema. "Napita tu. Nimetoka kwa Nyamu. Nimemwona. Yuko hai, hajambo."

"Ahsante, baba. Mungu akubariki," Ndambiri akasema, akageuka kuendelea.

Alitazama kigoda alichokalia Nyamu. Alitazama mlango wa nyumba, akatazama ghala. Nyamu alikuwa amemshika mashavu kwa viganja vyake, anasema jina lake, anasema niko hapa, niko hapa, na Ndambiri akajifuta mashavu kwa mkono wa shati.

"Ruguru," aliita. "Nyamu ameenda saa ngapi?"

Ruguru alitoka jikoni. "Baba, umekuwa peke yako." Akamwangalia vizuri, akalainisha sauti. "Si huyo jamaa amesema ako sawa? Utamwona siku nyingine."

Ndambiri aliishika ile fomu, akasoma mstari unaosema kwamba nimemwona mstaafu huyu leo kwa macho yangu. Alikuwa mtu mwaminifu maisha yake yote. Aliikunja, akaiweka chini ya jiwe pale kwenye kigoda ili mwenyewe akija aikute. "Akifika nitamalizia," alimwambia binti yake, akafunika kalamu. Kisha akaegemeza kichwa ukutani, akafumba macho kuwasikiliza mbuzi wake.

Jua lilipokaribia kuzama Nyamu alitoka uani. Kiogora alikuwa amemshikilia lango, miba isimchome.

"Umechoka, mzee," alisema. "Twende nyumbani."

Nyamu alikwenda naye. Njiani Kiogora alimwuliza kama amekula, na Nyamu, Mungu amsamehe, akafurahi kuulizwa.